Huyo wa saksafoni ni P. Ramlee

SWALI: Shikamoo Anko. Mwanangu anasoma Kuala Lumpur, kanitumia kwenye simu kipande cha filamu ya zamani, ile ya nyeusi na nyeupe, kuna jamaa ana kisharubu chembamba anapuliza saksafoni halafu mwishoni anajichoma macho kwa uma. Nimelia na lugha yao siijui. Ni nani huyo, na ni kweli alikufa hana kitu? (Mama Wawili, Magomeni)

JIBU: Marahaba dada yangu. Huyo ni P. Ramlee, mwigizaji na mwimbaji maarufu wa Malaysia, na filamu ni Ibu Mertua-ku ya 1962, yaani Mama Mkwe Wangu. Ngoja nikupe kisa chenyewe. Kassim Selamat ni mpiga saksafoni, kapendana na Sabariah, binti wa tajiri, mama mtu wanamuziki hataki hata kuwasikia, basi wakaoana kwa shida, baadaye bi mkubwa akamrudisha binti nyumbani, akamtumia Kassim salamu kuwa mkewe kafia kwenye uzazi. Uongo mtupu. Kijana akalia mpaka akapofuka. Daktari akamfanyia upasuaji akaona tena, kumbe daktari huyo huyo ndo kaozeshwa Sabariah! Hapo ndo zile uma za mezani zinapoingia. Na wimbo wake mkubwa, Getaran Jiwa, umo kwenye filamu yake nyingine, Antara Dua Darjat ya 1960.

Jina la kuzaliwa ni Teuku Zakaria, mtoto wa Penang, kisiwa cha Malaysia, kazaliwa tarehe 22 Machi 1929, baba baharia kutoka Aceh, Indonesia, na ile P ni Puteh, jina la baba. 1948 mwongozaji mmoja Mhindi, B.S. Rajhans, alimsikia akiimba, akamchukua Singapore kwenye studio ya filamu ya kampuni ya Shaw, mtaa wa Jalan Ampas. Alianza na vipande vya mtu mbaya na kuwaimbia wenzake, mwenzio anafungua mdomo kwenye picha, sauti ya Ramlee. Mpaka 1955 anaongoza filamu yake mwenyewe, Penarek Becha, habari za kijana anayeendesha baiskeli ya abiria, maskini kampenda binti wa tajiri. Yeye anaandika, anaongoza, anaigiza, anatunga nyimbo, anaimba! Filamu 66 kacheza. Kwenye Anak-ku Sazali kacheza baba na mtoto yeye mwenyewe, baba kamdekeza mwana mpaka mwana kawa jambazi, ikampa tuzo ya mwigizaji bora kwenye tamasha la filamu la Asia, Tokyo, 1957. Ukitaka kucheka tafuta Madu Tiga, mume na wake watatu, hiyo hata bila tafsiri mwanamke wa Dar anaielewa vizuri sana.

Sasa hilo la pili, ndo linaniuma. Ndiyo, mwisho wake ulikuwa mgumu. 1964 alihamia Kuala Lumpur, studio ya Merdeka, vifaa duni, watu wameanza kupenda filamu za rangi kutoka nje na televisheni imeingia majumbani, kazi zake za huko hazikupokelewa kama zile za Singapore. Ya mwisho ni Laksamana Do Re Mi, 1972. Tarehe 29 Mei 1973 moyo ukasimama, ana miaka 44 tu. Miaka 44 dada! Cheo cha Tan Sri, heshima kubwa ya taifa huko Malaysia, wakampa 1990, mwenyewe yuko kaburini miaka 17.

Mimi nimemzika mzee mpiga gita wa dansi hapa hapa mjini, michango ya msiba ilijaa bahasha mbili, na miezi miwili nyuma alikuwa anaomba nauli ya kwenda kliniki. Kwa hiyo habari ya Ramlee siisomi kama ya mbali.

Mkewe wa mwisho, Saloma, mwimbaji naye, alifariki 1983. Nyumba waliyoishi, Jalan Dedap kule Setapak, ni makumbusho tangu 1986, na ni humo humo Kuala Lumpur, mwambie mwanao aende wikiendi akupigie video uione sebule ya huyo aliyekuliza.