Ukimwambia "Acha", Mpe na la Kufanya

Kila hesabu zilipofika kwenye kugawanya, kijana mmoja wa gredi ya nne alisukuma dawati la jirani yake hadi vitabu vikamwagika. Nami bila kukawia namtoa nje. Nafundisha Kayole, Nairobi, darasa lina watoto zaidi ya sitini, na mwalimu aliyechoka hutaka kwanza kimya. Nusu muhula ilipita kabla sijang'amua kwamba nilikuwa namlipa: alitaka kuzikwepa hesabu, nami namfungulia mlango.

Kiboko kilipigwa marufuku katika shule za Kenya mwaka 2001, na Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 ikakazia. Sawa kabisa. Ila wengi wetu tulibaki na "Acha!" pekee, na neno hilo halimwambii mtoto afanye nini anapokwama.

Nikamwita wakati wa mapumziko, ametulia na mandazi yake mkononi. Mtoto aliyefura hafundishiki, msijisumbue. Nikampa kizibo cha soda, kimoja katika vile tunavyohesabia. "Ukikwama, kiweke kwenye kona ya dawati. Nitakuja. Si lazima useme kitu." Tukafanya mazoezi mara tano hivi, akicheka.

Awali nilikuwa nimemwomba anyooshe mkono. Hakuthubutu, mkono ukipanda, darasa zima linageuka kutazama nani hajui. Kizibo nakiona mimi tu.

Wiki ya kwanza nilikikimbilia kila kilipotokea. Ila siku ya tatu nilizama katika kusahihisha madaftari nisikione, nikasikia dawati likikwaruza sakafu. Kosa lilikuwa langu. Dawati likisukumwa mwalimu huja papo hapo. Kizibo kikimleta mwalimu kwa kuchelewa, mtoto ana sababu gani ya kukitumia? Alipokwisha kukiamini ndipo nikaanza kuvuta muda: "Nimekiona, maliza hilo moja nakuja."

Walimu wenzangu, msigawe vizibo darasa zima kesho. Chunguzeni kwanza mtoto anatafuta nini. Nina msichana anayepiga kelele ili atazamwe. Huyo kizibo kisingemfaa kitu, nikampa kazi ya kugawa madaftari, akipita meza kwa meza na kila mtu akimtaja jina. Kelele zimepungua, hazijaisha.

Yule kijana bado hapendi kugawanya. Juzi jirani yake, yule wa vitabu kumwagika, alinifuata mlangoni kuomba kizibo chake mwenyewe.