Barua kwa mwanangu anayetaka kusoma Kijerumani

Goma

Mwanangu mpendwa,

Barua yako niliipokea Jumamosi, nikaisoma mara mbili kabla ya kwenda soko la Virunga. Unaniuliza kama inafaa, ukiwa na miaka 29 na Kifaransa chako kizuri, uanze kujifunza Kijerumani kwa sababu profesa wako huko Bukavu amesema kwamba hatasimamia tasnifu ya udaktari juu ya neema ikiwa mwandishi wake hawezi kuwasoma Wajerumani kwa lugha yao. Unauliza pia kama tafsiri za Kifaransa, pamoja na programu ya kutafsiri iliyo katika simu yako, hazitoshi. Najua unaniuliza mimi kwa sababu unakumbuka miaka ile ya maktaba, na kamusi iliyochakaa iliyokuwa ikilala kando ya sufuria zangu.

Inafaa, lakini jifunze kusoma tu. Usipoteze miezi ukijifunza kuagiza chakula au kuuliza njia. Mimi mpaka leo sijui kumsalimia Mjerumani bila kugugumia; kanisa letu la CBCA, yaani jumuiya yetu ya Wabaptisti, linapopokea wageni kutoka Wuppertal kule Ujerumani, najificha nyuma ya Kifaransa, ilhali vitabu vyao navisoma.

Nilianza kwa shida ya kazi. Pale maktabani tulikuwa na masanduku ya vitabu vya Kijerumani, zawadi ya watu wema, ambayo hakuna aliyekuwa ameyafungua kwa miaka mingi kwa kuwa hakuna aliyejua kilichomo, nami nilitakiwa kuandika kadi ya kila kitabu. Kwa ujinga wangu nilichukua kwanza kitabu kinene kuliko vyote, juzuu moja la Kirchliche Dogmatik (Mafundisho ya Kanisa) ya mwanateolojia Mswisi Karl Barth, kazi aliyoanza kuichapisha mwaka 1932 na ambayo hakuimaliza mpaka kufa kwake. Baada ya majuma matatu nilikuwa bado katika ukurasa wa pili. Usifanye hivyo.

Anza na maneno ambayo maana yake unaijua tayari kwa moyo. Chukua Katekisimu Ndogo ya Luther, ya mwaka 1529, ambayo inauliza tena na tena „Was ist das?“, yaani, hii ni nini? Katika maelezo ya Imani utakuta sentensi hii: „Ich glaube, dass mich Gott geschaffen hat.“ Msomaji mwenye haraka anakutana na „mich“ kabla ya „Gott“, akadhani kwamba mimi ndiye niliyemuumba Mungu, na hilo lingekuwa kosa zito kwa somo la kwanza la teolojia! Lakini „ich“ ni mimi ninayetenda, na „mich“ ni mimi ninayetendwa. Kazi hiyo unaijua tangu utotoni: tunaposema „Mungu ameniumba“, ile „ni“ iliyo katikati ndiyo inayoonyesha aliyeumbwa. Kiswahili kinamweka mtendwa ndani ya kitenzi. Kijerumani kinamwonyesha nje, kwa kubadilisha kiwakilishi chake au kile kineno kinachotangulia nomino. Kwa hiyo der, den, dem na des uzikariri kama ulivyokariri Zaburi ya 23, ukijua kwamba „der“ ni mdanganyifu, kwa maana inaweza pia kuwa ya nomino ya kike iliyo katika nafasi nyingine kabisa.

Tazama pia kwamba „geschaffen hat“ imekaa mwisho. Kila nilipokutana na dass (kwamba), weil (kwa sababu), wenn (ikiwa) au obwohl (ingawa), nilipiga mstari wa penseli, nikapeleka kidole hadi mwisho wa kishazi kutafuta kitenzi, ndipo nikarudi kusoma yaliyo katikati. Ni kazi ya uvumilivu, na wewe, samahani, hukuzaliwa nao.

Maneno marefu yasikutishe. Rechtfertigungslehre lisome kuanzia mkiani: Lehre ni mafundisho, Rechtfertigung ni kuhesabiwa haki, na ile „s“ ya katikati ni kiungo tu, mahali ambapo sisi tunaweka „ya“. Mafundisho ya kuhesabiwa haki. Heilsgeschichte, vivyo hivyo, ni historia ya wokovu. Ukienda kinyumenyume unakuta umekwisha kutafsiri kwa Kiswahili, jambo ambalo lilinifurahisha sana siku nilipoligundua. (Wajerumani nao wanatudai kidogo: inasemekana „shule“ ni Schule yao, na „hela“ ni sarafu yao ya Heller, ingawa sisi wa huku tunasema masomo na franga.)

Kuhusu tafsiri, nakubali kwamba kwa mambo mengi zinatosha, na historia ya kanisa isome kwa Kifaransa bila aibu. Ila wewe unaandika juu ya neema. Kitabu cha mwanateolojia Mjerumani Dietrich Bonhoeffer cha mwaka 1937 kilipewa na mwenyewe jina Nachfolge: „nach“ ni nyuma ya, „folgen“ ni kufuata. Kwa Kifaransa kinaitwa Le prix de la grâce, bei ya neema. Unaona kilichotokea? Mwandishi aliweka mbele kumfuata Kristo, mtafsiri akaweka mbele bei. Ndani yake utakuta „billige Gnade“, neema ya bei rahisi, na „teure Gnade“, neema ya bei ghali; billig ni neno la sokoni kabisa, lakini teuer, kama cher ya Kifaransa, ni ghali na vilevile ni mpendwa, na Kiswahili chetu kinahitaji maneno mawili kuyabeba hayo.

Simu itumie baada ya kujaribu mwenyewe, kwa kuwa inakupa jibu bila kukuonyesha mahali ulipopotea.

Dakika 40 kila asubuhi zitakutosha. Mimi ilinichukua mwaka na nusu kusoma ukurasa mmoja bila kufungua kamusi zaidi ya mara kumi. Ukimaliza katekisimu, soma Tamko la Barmen la Mei 1934, la Wakristo wa Ujerumani waliokataa kanisa lao kutawaliwa na itikadi ya Wanazi, ambalo ni fupi, na Barmen yenyewe ni sehemu ya Wuppertal hiyohiyo. Katika fungu la kwanza, linalomtaja Kristo kuwa „das eine Wort Gottes“, Neno moja la Mungu, utapita kusikia, kuamini na kutii ndipo ulifikie „haben“, neno la mwisho kabisa la sentensi.

Kamusi yangu na sarufi ile ya Kifaransa nimezifunga katika nailoni, zije na mashua ya Alhamisi. Atakuletea mdogo wako, naye atakupigia akifika bandarini. Alama za penseli usizifute, kwa maana nyingine zinaonyesha mahali nilipokosea, hasa katika kurasa za der.

Mimi mama yako