Swali la lugha: Chamchanga hiki au chamchanga huyu?

SWALI: Ninaandika maelezo ya picha za ndege wa kando ya maji. Chini ya picha moja niliandika: "Chamchanga hiki kina miguu njano na kinaishi pwani." Mhariri amepiga mstari karibu kila neno. Nimekosea wapi? Na kwa kuwa chamchanga ni wengi na wanafanana, Kiswahili kinawatofautishaje?

JIBU: Ch- ya mwanzo ndiyo iliyokuponza. Jina la kiumbe hai, mimea kando, hufuata upatanisho wa A-WA hata likianza na ki- au ch-: kiboko huyu, chura yule, kipepeo ameruka. Kwa hiyo ni chamchanga huyu, chamchanga hawa, na wingi haubadiliki. Neno lenyewe huandikwa kwa pamoja. "Cha mchanga" ni kitu kingine.

Upande wa rangi, zenye vivumishi vyake halisi ni -eupe, -eusi na -ekundu. Nyingine hukopa nomino na kuhitaji -a ya uhusiano: miguu ya njano, miguu ya kijani, lakini miguu myeusi. "Miguu nyeusi" husikika kila siku mdomoni, ila katika maandishi irekebishe. Kwa ndege hawa rangi ya miguu ni ushahidi mzito, maana nje ya msimu wa kuzaliana manyoya ya wengi ni kijivu au kahawia tu. Tahadhari moja: miguu iliyopakaa tope huonekana myeusi yote. Subiri ndege aingie kwenye maji safi, kisha ndipo uandike.

Pwani ni neno pana mno kwa kazi hii. Lina mzizi mmoja na kitenzi kupwa, yaani maji ya bahari kushuka, nalo hugusa ukanda wote wa kando ya bahari. Msomaji anayemtafuta ndege anataka kujua ni ufuo wa mchanga, tope linaloachwa wazi na maji, fungu, mwamba, mikoko, dimbwi au kinamasi. Ufuo na ufukwe siku hizi hutumika karibu kwa maana moja, sitakugombeza ukichagua lolote. Fungu ni tuta la mchanga lililozungukwa na maji, na huonekana maji yakipwa. Angalia hapo: kupwa ni kitenzi cha silabi moja, hivyo ku- hubaki katika "yanakupwa" na "yamekupwa", lakini hudondoka katika "yakipwa" na "hupwa". "Yakikupwa" ni kosa.

Kuhusu kutofautisha, hapa ndipo Kiswahili kina utajiri, na utajiri huo uko kwenye vitenzi kuliko kwenye majina. Chukua chamchanga mwenye jina la kisayansi Calidris alba, yule mweupeweupe mwenye miguu myeusi isiyo na kidole cha nyuma, mkaaji wa ufuo wa mchanga. Wimbi linaporudi hulikimbilia ili kuokota vijidudu vilivyofichuliwa, linapokuja hulikimbia. Kiambishi kimoja, -li- ya mwishoni mwa "hulikimbilia", kimegeuza mwendo wote. Ukiandika tu "hukimbia mawimbini" umempoteza ndege.

Vivyo hivyo kwa ulaji. Kudonoa ni kuokota kitu kilicho juu, kwa mpigo mmoja. Kudungadunga ni kuchoma mdomo ardhini mara nyingi mfululizo, jambo analolifanya Calidris ferruginea topeni, kwani ncha ya mdomo wake huhisi mawindo asiyoyaona. Actitis hypoleucos hudonoa zaidi, tena akiwa peke yake kwenye mawe au ukingo wa mto, akitikisatikisa sehemu ya nyuma ya mwili bila kutulia. Mtikiso huo, pamoja na kabari nyeupe inayopanda kati ya kifua na bawa, vinatosha kumtaja hata kwa mbali. Akiruka, huenda chini karibu na maji kwa mapigo mafupi, makavu ya mabawa.

Mdomo nao usiuite "uliopinda" ukaishia hapo, kwa sababu kupinda hakusemi upande. Wa Calidris ferruginea umepinda kuelekea chini. Wa Xenus cinereus umebetuka, yaani ncha inaelekea juu.

Kuna mtego mwingine unaowanasa watafsiri: majina ya kigeni yaliyogeuzwa neno kwa neno. Tringa glareola (kwa Kiingereza wood sandpiper) akiitwa "chamchanga wa msituni" atatafutwa mahali pasipo pake, kwani msitu unahusu makao yake ya kutagia, kwenye vinamasi vya misitu ya kaskazini. Nje ya msimu huo tafuta vinamasi na madimbwi ya maji baridi, yaani yasiyo ya chumvi. "Chamchanga kijani" kwa Tringa ochropus (green sandpiper) ni baya zaidi, kwa sababu kwa macho ya kawaida ndege huyo ni mweusi-mweusi juu na mweupe chini. Kinachomtambulisha ni upande wa chini wa bawa, ambao ni wa giza. Wa glareola ni mweupe-kijivu.

Sasa turudi kwenye sentensi yako. Siwezi kuinyoosha kabla hujatazama mdomo katika picha. Ikiwa ni mfupi na umenyooka, mgongo una madoadoa na unyusi mweupe unapita hadi nyuma ya jicho, andika: "Chamchanga huyu ana miguu ya njano na hupatikana kwenye vinamasi vya maji baridi", pwani ifutwe. Ikiwa ni mrefu na umebetuka, na miguu ni mifupi: "Chamchanga huyu ana miguu ya njano iliyokoza, maji yakipwa hukimbia topeni akiwa ameinama, akifukuza kaa wadogo."