Dakti inapiga mluzi usiku: niweke dampa ya baipasi?

SWALI: Assalaam alaykum fundi. Nyumba yetu ya Chukwani ina kiyoyozi kimoja cha dakti (mifereji ya hewa) darini, cha nguvu ya BTU 36,000, chenye dampa tatu, yaani vilango vya kufungulia na kufungia hewa: sebuleni, chumbani kwetu na kwa watoto. Usiku tukiacha wazi ya watoto peke yake, hewa hupiga mluzi, koili (mabomba yanayopoza hewa) hufanya barafu, na asubuhi dari ya jipsamu imelowa. Fundi wetu anataka kuweka dampa ya baipasi. Nimkubalie?

JIBU: Waalaykum salaam, dada yangu. Asikate bati la dakti bado. Kwanza asafishe chujio na apime gesi, maana chujio chafu na gesi pungufu navyo hugandisha koili. Vikiwa salama, basi tabu ni feni: inataka kusukuma hewa ileile, ziwe wazi dampa tatu au moja.

Mashine ya BTU 36,000 huhitaji takriban mita za ujazo 2,000 za hewa kwa saa. Dakti ya chumba kidogo tuseme inabeba 500. Iliyobaki haina pa kwenda. Presha hupanda, hewa inayopita kwenye koili hupungua, na maji yaliyonata juu yake huganda. Ikiendelea hivyo, gesi huweza kurudi kwenye kompresa ikiwa bado majimaji, na hapo kompresa hufa.

Baipasi ni dakti fupi inayounganisha njia ya kupeleka hewa na ile ya kurejesha. Dampa yake hufunguka presha ikizidi, mluzi ukatulia. Lakini hewa inayorudishwa imeshapozwa; ikipita tena, koili huzidi kuwa baridi. Ukipitisha 1,500 kati ya 2,000, barafu itarudi palepale. Mimi sivuki robo ya hewa yote.

Kwa hiyo unganisheni vyumba viwili vya kulala viwe upande mmoja, dampa zao zifunguke na kufungwa pamoja. Feni ishushwe hadi 1,800 hivi. Kwa unyevu wetu wa Unguja hilo ni jema, hewa hukaushwa zaidi. Vyumba vipokee kama 1,100, dampa ya sebule ibanwe lakini ibaki na upenyo wa kupitisha 250, na baipasi ibebe 450 zilizobaki.

Hapo sasa aiweke baipasi. Achukue hewa kabla ya dampa ya kwanza, airejeshe mbali na mashine, kabla haijafika kwenye chujio, ipate kuchanganyika na hewa ya vyumbani. Aweke na dampa ya mkono ya kubana njia hiyo, pamoja na kihisi cha kuzima kompresa hewa inayotoka kwenye mashine ikishuka hadi kama nyuzi 7 za Selsiasi, feni ikiendelea kuzunguka. Uzito unaoifanya dampa ya baipasi ijifunge urekebishwe pande zote zikiwa wazi, mpaka ijifunge. Kisha abane dampa ya sebule, aangalie ya baipasi inavyofunguka, huku ana kipima presha ya hewa mkononi. Fundi asiye na kipima presha atakuwa anakisia, na mimi kazi hiyo nisingempa.

Dakti ya baipasi ivikwe sufi ya kuzuia joto yenye ngozi ya foili, viungo vyote vizibwe kwa tepu. Ikiachwa uchi itatoka jasho darini, na jipsamu itakulowea tena hata koili ikiwa nzima.

Kwa kuwa mko karibu na bahari, ombeni dampa ya alumini. Bawaba yake ikaguliwe kila mwaka kabla ya joto la kaskazi. Chumvi ikiikamata, dampa hubaki wazi na sebule haitapoa.