Mitumba na kiwanda cha baba

SWALI: Mama, nakusalimu. Nauza mitumba hapa Jinja. Baba yangu alifuma nguo kiwandani miaka mingi, na sasa hatusemezani. Anasema nguo ninazouza ndizo zilizofunga kiwanda chake. Ni kweli?
Mwana wa mfumaji, Walukuba

JIBU: Mwanangu, mimi nilikuwa upande wa kusokota nyuzi, shifti ya usiku, katika mji huohuo. Najibu niliyoyaona.

Kilichotangulia kutuua ni vipuri. Mwaka 1972 Amin aliwapa Waasia siku 90 waondoke, na wengi wa waliojua kuagiza vitu nje na kutunza mashine wakaenda zao. Kipuri kililipiwa fedha za kigeni, nazo zikaadimika. Fundi wetu akawa anavunja mashine moja ili aponye nyingine. Safu niliyoikuta ikinguruma niliiacha nusu yake mifupa mitupu. Na umeme tulikuwa nao mlangoni, tangu bwawa la Owen Falls lifunguliwe mwaka 1954!

Pamba nayo ikatukimbia. Mkulima wa Busoga alipeleka mzigo wake akarudi na karatasi ya ahadi ya malipo badala ya pesa. Msimu uliofuata akapanda mihogo, na mimi nisingemlaumu. Karibu na mwaka 1970 Uganda ilitoa marobota zaidi ya 400,000. Miaka kumi baadaye hata 100,000 hayakufika. Tanuri la kuyeyusha shaba ya mgodi wa Kilembe lililokuwa hapa Jinja nalo lilizimika, na mitumba haikuhusika.

Lakini usiende kumwambia baba yako kwamba amekosea. Miaka ya 1990 biashara ilipofunguliwa, viwanda vilikuwa vinajaribu kusimama tena, na shati la mtumba likauzwa kwa bei ambayo kitambaa kipya hakikuiweza. Mimi kiinua mgongo changu sijakiona hadi leo, na watoto wangu niliwavisha mitumba hiyohiyo. Inaniuma, ila walihitaji nguo.

Fanya hivi. Ukifungua robota, mchagulie baba shati moja la pamba nzito, umuulize limefumwaje. Usimwambie unataka mpatane. Atalipeleka kwenye mwanga, ataangalia pindo, atavuta uzi mmoja na kuusokota kati ya vidole. Mimi hadi leo sinunui shuka bila kufanya hivyo. Akianza kueleza, kaa chini umsikilize, hata kama wateja wanasubiri.