Choma ana maksai, mbona halimi?

SWALI: Shangazi, juzi tulitazama filamu ya zamani ya Kikannada, lugha ya kusini mwa India, Chomana Dudi. Choma ana maksai wawili, lakini hapati hata kishamba cha kulima. Babu yangu alikuwa skwota, kwa hiyo nimeiona kama hadithi ya umaskini tu. Nimekosea? – Msomaji, Kayole

JIBU: Umaskini upo, mwanangu, ila si hadithi yote. Baada ya uhuru, skwota aliyebahatika kupata pesa aliweza kununua ekari zake. Choma amezaliwa Dalit, walio chini kabisa katika matabaka ya India, wale walioitwa wasioguswa, na mila inamkataza kulima kwa niaba yake mwenyewe. Kazi yake ni kutumikia shamba la mwingine, na deni lake linawala watoto: wanapelekwa kulilipa kwa jasho katika mashamba ya kahawa.

Rudia pale mwanawe anapozama mtoni. Watu wa tabaka la juu wapo, wanaona, na hakuna anayemwokoa kwa kuogopa kumgusa. Mimi hapo nililia kwa hasira. B. V. Karanth aliitengeneza mwaka 1975 kutokana na riwaya ya Shivaram Karanth, na hakuipamba: matope ni matope, na Choma hana la kufanya na uchungu wake ila kuipiga ngoma.

Tafuta pia Samskara ya 1970, ambayo wakaguzi wa filamu waliizuia mwanzoni. Humo Wabrahmani, watu wa tabaka la juu la makuhani, wanabishana nani aiteketeze maiti ya mwenzao aliyevunja miiko, na maiti inaoza.