Filamu za Makala: Kamera, Karatasi na Riziki

Nataka kuanza filamu za makala. Ninunue kamera gani? (Tanga)
Uliyonayo. Kila mara naulizwa hili, na jibu ni lile lile. Hiyo pesa nunua maikrofoni ya kubana kifuani na diski mbili za kuhifadhia kazi, zisilale nyumba moja. Picha yenye chenga mtazamaji huivumilia. Mahojiano yaliyomezwa na jenereta hayaponi.

Mzee niliyemrekodi alikubali kwa mdomo. Si inatosha, maana tunafahamiana? (Kilifi)
Haitoshi, na ninyi wa "tunafahamiana" ndio mnaonitia hofu zaidi. Ridhaa iandikwe kwa lugha anayoizungumza, asomewe mbele ya mtu anayemwamini, kisha atie saini au dole gumba. Mwambie waziwazi kwamba filamu itafika hadi kwenye simu ya jirani yake, haitaishia Ulaya. Huko kwenu wazee wamesingiziwa uchawi na kuuawa kwa ugomvi wa mashamba. Ukishaonyesha sura yake na nyumba yake, wewe unapanda basi, yeye anabaki na hao wanaomsingizia. Kabla hujafunga uhariri mrudie, umwonyeshe vipande vyake. Akisema hapa pataniponza, patoe, hata kama ndipo patamu kuliko pote.

Nimlipe mhusika? (Arusha)
Usimlipe aseme. Nauli, chakula na siku uliyomtoa shambani, hizo ni juu yako.

Sekunde 10 tu za Bongo Fleva, kuna tatizo? (Morogoro)
Lipo. Hizo sekunde za bure ni uzushi wa vijiweni. Kuna mtunzi na kuna mwenye rekodi. Omba kwa wote, kwa maandishi. Na redio ikilia nyuma ya mhusika, mwombe aizime kwanza.

Nina wazo kali. Nitapata mfadhili? (Nakuru)
Wazo kila mtu analo. Mifuko inayofadhili filamu za makala, kama Docubox pale Nairobi au IDFA Bertha Fund ya Amsterdam, itataka kuona ulichokwisha kupiga, bajeti, na kwa nini uisimulie wewe. Halafu jipe muda. Filamu ya *Softie* ya Sam Soko, inayomfuata mwanaharakati Boniface Mwangi, ilichukua takriban miaka 7 hadi kuonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Sundance, Marekani, mwaka 2020, na tuzo iliyopata huko ilikuwa ya uhariri. Watu wa kamera mmesikia? Miaka yote hiyo utakula kwa harusi na video za mashirika, wala usione haya. Ila akija mtu na hela, soma kifungu cha hakimiliki kabla ya kuangalia kiasi. Ukisaini "haki zote, duniani kote, milele", hata kuionyesha kijijini ulikoipiga utaomba ruhusa.

Napiga kwa simu na droni ndogo. Kibali cha nini? (Dodoma)
Bodi ya Filamu haiulizi ukubwa wa kamera. Droni ina vibali vyake, anza na Mamlaka ya Usafiri wa Anga. Ukiirusha karibu na kambi ya jeshi, usiniandikie mimi, mwandikie wakili.